Je, wajua juu ya nini Sammy Baloji, msanii wa foto, anaweka mbu karibu na foto za Lubumbashi, muji wa Kongo?

Mara ya kwanza kuona ile kazi yake nilijiambia haya ni mambo ya malaria, kama zile afishi za hospitalini. Foto za muji wetu zimepigwa kutoka angani, na pembeni yake foto za nzi na mbu waliokauka, wamepangwa mistari kwa mistari. Nikafikiri anatuhimiza kulala ndani ya chandarua. Nilikosea kabisa, na bado nasikia watu wanasema vilevile, wanatafuta ugonjwa ndani ya wale mbu na kumbe mbu pale ni kipimo, ni kama mita ya fundi seremala.

Baloji ni mtoto wa hapa, amezaliwa 1978. Kazi hii ni ya 2013, na 2015 ikaonyeshwa Venice.

Sasa sikia. Wakati muji unaitwa Élisabethville, wakoloni waliacha kipande cha ardhi wazi kati ya kartie za wazungu na site ya weusi, wakakiita zoni netre, yaani eneo lisilo la upande wowote. Upana wake mita 500 hivi. Juu ya nini 500? Juu madaktari wa wakati ule walihesabu kwamba mbu wa malaria hawezi kuruka zaidi ya hapo. Mbuzi hula urefu wa kamba yake, si ndiyo? Basi walimuona mbu kama mbuzi aliyefungwa kwa mtu mweusi: ukijenga nyumba yako mbali kuliko kamba, hakufikii.

Lakini kamba yenyewe haikuwepo. Mbu wa malaria anaweza kupita kilomita moja na zaidi, na tena hana lazima ya kusafiri, kwa sababu kijidudu cha malaria kinatembea ndani ya damu ya mtu. Boyi alikuwa anavuka ile zoni kila asubuhi kwenda kupika na kufua kwa bwana wake, na mbu wa palepale, aliyezaliwa kwenye maji ya bustani ya bwana, anamuuma boyi kiisha anamuuma bwana. Siwezi kusema afya ilikuwa kisingizio kitupu, wengine waliamini kweli, ila mstari uliochorwa kwa ajili ya mbu ulizuia zaidi watu.

Ndiyo maana Baloji alipanda juu. Ukitembea chini kwa miguu unaona barabara na nyumba tu, ule mkato unakupita, lakini kutoka angani unaufuata kwa jicho kama kovu kwenye ngozi.

Na wale nzi? Kazi inakwenda pamoja na foto ya zamani, ya mwaka wa 1929 hivi, ya kampeni ya kuua nzi hapa mujini. Mfanyakazi alipaswa kuleta nzi 50 waliokufa, kila siku, kabla hajapimiwa posho yake.