Matīss Kaža: mtayarishaji aliyempa mpweke kikosi

Kazi yangu ni bajeti za filamu. Kwa hiyo Machi 2025, wenzangu walipokuwa wakimshangilia paka wa filamu ya katuni Flow kwa kuipa Latvia Oscar yake ya kwanza, mimi nilikuwa namwangalia Matīss Kaža, mtayarishaji wa Riga ambaye hata miaka 30 alikuwa bado.

Kaža hakuanzia kwenye katuni. Alisomea filamu New York, na mwaka 2017 akatoa One Ticket, Please, filamu halisia kuhusu bibi mzaliwa wa India ambaye karibu kila siku lazima aende kutazama mchezo wa jukwaani jijini humo. Baadaye akarudi nyumbani akaongoza filamu za kuigiza: moja ya mtindo wa makauboi, lakini inatokea Latvia ya zamani (wazo la kichaa, na nalipenda), kisha Neon Spring ya 2022, kuhusu vijana wa Riga na karamu zao za usiku. Nayataja haya kwa sababu mtayarishaji aliyewahi kuongoza anajua ni kipi kwenye bajeti kikikatwa filamu inakufa, na kipi kikikatwa hakuna atakayegundua.

Sasa njoo kwa Gints Zilbalodis, mwongozaji wa Flow. Filamu yake ndefu ya kwanza, Away, ya 2019, aliitengeneza peke yake, hadi muziki. Mtu wa namna hiyo hana gharama, ila pia hana wa kusaidiana naye. Flow ilikuwa na maji kila mahali na wanyama kibao. Mtu mmoja asingeiweza. Kaža akaandika naye hadithi, kisha akatafuta fedha.

Hapo ndipo penye kazi yenyewe. Latvia ina watu wasiofika milioni 2. Kwa soko dogo hivyo, filamu ya yuro milioni 3.5 ni vigumu irudishe fedha zake nyumbani peke yake. Kituo cha Taifa cha Filamu cha Latvia kilitia mkono, lakini kisingetosha, ndipo wakaingia watayarishaji wenzake, Ron Dyens wa Ufaransa na Gregory Zalcman wa Ubelgiji. Mifuko ya umma ya Ulaya kwa kawaida haitoi fedha ziende zikaliwe kwingine. Anayetoa anataka sehemu kubwa itumike kwake. Basi kazi ya kuwatembeza wanyama kwenye skrini, pamoja na ya sauti, ilifanyika zaidi Ufaransa na Ubelgiji. Ukiniuliza ugumu wa Kaža ulikuwa wapi, nitakwambia hapo: kugawa kazi nchi tatu bila filamu kuonekana imeshonwa viraka.

Mengine yalikuwa ya kubana matumizi, na kwa ustadi. Walitumia Blender, programu ya bure ya kutengenezea katuni kwa kompyuta. Filamu haina neno hata moja, kwa hiyo hakuna gharama ya kuingiza sauti za lugha nyingine, na mnunuzi wa nchi yoyote anaichukua ilivyo. Sidhani kama ukimya huo ulichaguliwa kwa hesabu, maana Away nayo haina maneno, lakini mhasibu yeyote angeubusu.

Miongoni mwa walioshindana nayo ilikuwamo Inside Out 2 ya Pixar, iliyogharimu takriban dola milioni 200. Oscar ilitolewa kwa majina manne: Zilbalodis, Kaža, Dyens na Zalcman. Mwongozaji mmoja na watayarishaji watatu, kila nchi iliyotoa fedha na mtu wake.