Prasadi: kwa nini siro haionjwi kabla ya puja

Ukialikwa kwenye puja, yaani ibada ya Kihindu, ya Satyanarayan katika nyumba ya Wagujarati, iwe Ahmedabad au Dar es Salaam, mwishoni utawekewa kiganjani kijiko kimoja cha siro. Kwa macho ni kitamutamu cha suji na samli. Kwa Mhindu ni prasadi, chakula alichokwisha kukila Mungu na ambacho sasa anakirudisha kwa neema yake. Chakula huwa prasadi kwa mpangilio wake: kwanza hutolewa, ndipo hupokewa. Mpangilio ukivurugika, suji hubaki suji.

Tuanze jikoni, maana ndiko wengi wanakoharibu. Siro ya puja hii hupimwa kwa kimoja na robo: kikombe 1¼ cha suji, samli kiasi hicho hicho, sukari kiasi hicho hicho, na ndizi mbivu zilizopondwa kiasi hicho hicho. Maziwa yafike vikombe 2½ hadi 3, kwa kuwa suji hunywa sana. Ile robo ina maana yake: mtoaji haishii pale kipimo kinapojaa, anazidisha.

Pasha samli kwa moto mdogo, mimina suji, koroga bila kuacha dakika 10 hadi 15 mpaka harufu ya ubichi iishe na rangi igeuke kidogo. Tia ndizi, koroga dakika 2 hivi. Maziwa yawe ya moto. Yakiwa baridi suji hushikana mabonge, na mwiko hautayamaliza yote. Sukari ije mwisho, suji ikishavimba. Ukiitanguliza, sukari huvuta maji ambayo suji ilikuwa iyanywe, na chembe hubaki ngumu hata upike vipi. Malizia kwa iliki, zabibu kavu na korosho. Imeiva pale inapoachana na sufuria na samli kuanza kuchungulia pembeni.

Muda wote huo hakuna anayeonja, hata chembe ya sukari kwenye ncha ya kidole. Kuonja ni kula, na chakula kilichokwisha kuliwa na mtu huitwa jutha, masazo. Huwezi kumwandalia Mungu masazo yako. Wewe ndiye unayekula masazo yake. Ndiyo maana vipimo hufuatwa kwa ukali namna ile, kwani hakuna nafasi ya kurekebisha kwa ulimi. Naomba pia uwe na sufuria na mwiko wa puja peke yake: mwiko wa mbao uliokorogea vitunguu hauachi harufu yake, na katika ibada ya Vishnu, ambaye Satyanarayan ni sura yake mojawapo, vitunguu na vitunguu saumu haviingii, sembuse nyama na mayai. (Si Wahindu wote wanaofuata hivyo. Katika hekalu la Kalighat mjini Kolkata, mungu wa kike Kali hutolewa mbuzi, na nyama yake ni prasadi.)

Sasa kutoa kwenyewe, yaani naivedya. Pakua siro kwenye chombo safi ambacho hakijaliwa. Mbele ya murti, yaani sanamu anamokaribishwa Mungu, chora mraba kwa maji na uweke chombo juu yake. Weka jani la tulasi, aina ya mrehani, kwa Vishnu au Krishna. Shiva hupewa majani ya bilva, na Ganesha hapewi tulasi. Zungushia chombo matone ya maji, piga kengele, kisha toa kwa pumzi tano za mwili: prana, apana, vyana, udana, samana, kila moja ikimalizika kwa neno svaha huku mkono wa kulia ukifanya ishara ya kulisha. Fuatisha maji ya kunywa, maji ya kunawa mikono na kinywa, halafu tambuu na popoo. Hekaluni pazia hufungwa. Nyumbani inatosha kuinamisha macho dakika chache. Mgeni hakodolewi macho anapokula, wala haondolewi sahani haraka, na haraka hiyo ndiyo kasoro ninayoiona zaidi majumbani.

Mtu atauliza: mbona siro haijapungua? Katika Bhagavad Gita, sura ya 9 aya ya 26, Krishna anasema kwamba jani, ua, tunda au maji, vikitolewa kwa bhakti, anavipokea. Anachokula ni hiyo bhakti, ule upendo wa mtoaji. Kinachorudi si mali ya mpishi tena, na hapo ndipo prasadi inapogusa mahusiano ya watu. Huko Puri, Odisha, chakula cha hekalu la Jagannath hupikwa kwenye vyungu vya udongo kwa moto wa kuni, hutolewa kwa Jagannath, kisha kwa mungu wa kike Bimala, na hapo tu ndipo huitwa mahaprasadi. Huliwa sokoni Ananda Bazaar, ndani ya ua wa hekalu, na miiko ya tabaka kuhusu nani ale na nani haifuatwi pale. Kwangu mimi hiyo ndiyo hoja nzito kuliko zote: huwezi kuona kinyaa kwa mkono uliogusa chakula ambacho Mungu mwenyewe amekila.

Baada ya arati, yaani kuzungusha taa mbele ya murti, rudisha siro ya sahani kwenye sufuria na uchanganye, ili yote iwe prasadi. Gawa kwa kijiko. Anayepokea hutandika kiganja cha kulia juu ya cha kushoto, huinua kidogo kuelekea paji la uso, kisha hula. Kuondoka bila kuichukua ni kosa, na simulizi ya Satyanarayan inayosomwa siku hiyo inamtaja Kalavati, aliyekimbilia kumlaki mumewe akaiacha prasadi, na jahazi likazama mpaka aliporudi kuila. Mgeni wa dini nyingine ambaye imani yake haimruhusu aseme mapema, kabla haijawekwa kiganjani; hakuna atakayechukia.

Siro ina maziwa na ndizi, kwa hiyo katika joto la pwani iishe siku hiyo hiyo. Ikibaki, mpe ng'ombe au ndege, au ifukie shinani mwa mti. Haitupwi jalalani.