Kwaya za Mombasa zinashukia Kengeleni, si Marekani

Nikitaja gospo hapa mjini, vijana wa kinanda wanarukia Marekani moja kwa moja, majoho marefu na makofi, sawa hiyo ipo na mimi naipenda, lakini ukifuata mizizi ya kwaya zetu utajikuta umeshuka stage ya Kengeleni. Wamishonari Krapf na Rebmann walikuwa Rabai, nje kidogo ya Mombasa, tangu 1846 ila watu wao walikuwa wachache. Kwaya yenyewe mimi naihesabu kuanzia Frere Town, hapo hapo Kengeleni, kijiji cha 1875 cha watumwa waliokombolewa kilichoanzishwa na CMS, shirika la wamishonari Waanglikana wa Uingereza. Watu wa kila kabila, wengi kutoka huko Nyasa, lugha ya kuwaunganisha ni Kiswahili, na kati ya walimu wao kulikuwa na Waafrika waliosomeshwa shule ya misheni ya Nasik kule India ambao kanisa na Kizungu walikuja navyo tayari.

Sasa hapa ndo utamu ulipo. Wamishonari walieneza solfa, ule mfumo wa kuandika muziki wa John Curwen wa Uingereza, herufi tupu d r m f s l t, koloni kutenga mapigo, juu unaandika doh, yaani noti ya msingi, ni G basi. Huhitaji mistari mitano ya noti, huhitaji kinanda, taipureta yatosha au hata chaki. Mwalimu anatoa doh, kila sauti inatafuta noti yake hapo hapo, manake doh inahama na wimbo.

Shida ilikuwa maneno. Kiswahili mkazo wake uko silabi ya pili kutoka mwisho, twasema mwoKOzi, fuRAha, na tuni nyingi za Kiingereza zinamalizia mstari kwa pigo zito, kwa hiyo ukipachika Kiswahili juu yake unapata mwokoZIII na mtu wa Mvita akisikia anakunja uso. Tumeimba hivo miaka na miaka mpaka masikio yamezoea, hata wazee wangu wa kwaya ukiwarekebisha wanakuona wewe ndo umepotea!

Upande wa Wakatoliki pale Nkrumah Road ilikuwa Kilatini, mpaka Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulipopitisha hati ya liturujia Desemba 1963, ndo mlango ukafunguka kwa lugha na muziki wa wenyeji. Mwaka huohuo wimbo wetu wa taifa ulitungwa kwa tuni ya bembelezi ya Wapokomo, na kwenye ile kamati ya watunzi alikuwemo mtu wa Pwani, Kasisi Thomas Kalume. Yaani tuni ya mama wa Tana River ikapangwa sauti nne na ikasimama vizuri tu.

Kayamba nayo ikaingia kanisani, yale matete yaliyofungwa bapa na mbegu ndani, na kwa maoni yangu imesaidia kuliko kinanda chochote, kwa sababu ukitunga juu ya mwendo wa kayamba maneno yanajikalia yenyewe penye mkazo wake. Watunzi wazuri wa siku hizi wanaanza na maneno, wanayasema kwa sauti kwanza, tuni baadaye.

Solfa bado tunayo, ila sasa inapigwa picha inatumwa WhatsApp kabla ya mazoezi, na mwalimu akiruka koloni moja tu sauti ya tatu yote inaingia mapema.