Talaka ya kuridhiana: haki ya mtoto haisamehewi na mzazi

Wanandoa wa Kihindu nchini India wanapochoka na kusema "basi, tuachane kwa heri", hati ya makubaliano huweza kuandikwa kwa haraka ya kumaliza maumivu. Mke anachukua vito vyake, mume anabaki na nyumba, kisha mwishoni inapachikwa sentensi moja: mama atakaa na mtoto na hatadai kitu tena. Sentensi hiyo naiomba isomwe mara mbili kabla ya kusainiwa. Mama anaweza kuacha dai lake mwenyewe, lakini matunzo ni haki ya mtoto.

Njia yenyewe inatoka kwenye Sheria ya Ndoa za Wahindu ya 1955, kifungu cha 13B, kilichoongezwa mwaka 1976. Bila kifungu hiki, anayetaka talaka hulazimika kuthibitisha kosa la mwenzake, kama ukatili au uzinzi, na mambo ya chumbani yakaanikwa mahakamani. Chini ya 13B wawili wanaleta ombi moja: wametengana kwa mwaka mmoja au zaidi, hawawezi tena kuishi pamoja, na wamekubaliana ndoa ivunjwe. Kutengana si lazima kuhama. Hata walio chini ya paa moja huhesabiwa wametengana ikiwa hawaishi tena kama mke na mume.

Baada ya ombi la kwanza husubiriwa miezi sita, na wanatakiwa kurudi kabla ya miezi 18 kupita. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya India ilisema jaji anaweza kuiondoa miezi hiyo sita, lakini aone kwanza kwamba wametengana muda mrefu, usuluhishi umeshindikana, na masuala ya matunzo na malezi yamemalizwa kwelikweli. Hati iliyomsahau mtoto, basi, inawachelewesha hata wenye haraka. Tena, mmoja wao akibadili nia kabla ya hukumu, anaweza kuondoa ridhaa yake.

Kuhusu mtoto, Sheria ya Matunzo ya Wahindu ya 1956 inawabebesha baba na mama wote wawili jukumu la kumtunza, awe amezaliwa ndani ya ndoa au nje. Binti ambaye hajaolewa na hana uwezo wa kujitunza anaendelea kulindwa hata akipita miaka 18. Na kifungu cha 26 cha sheria ya ndoa kinairuhusu mahakama kubadili amri za malezi, matunzo na elimu hata baada ya talaka. Ndiyo maana maneno "hatadai tena" hayamfungi mtoto.

Hati nzuri huingia kwenye mambo madogo: shilingi, au tuseme rupia, ngapi kwa mwezi, zilipwe tarehe ipi na kwenye akaunti gani, zitaongezeka vipi bei zikipanda, nani analipa ada na hospitali, likizo mtoto atakuwa kwa nani. Mimi huogopa malipo ya mkupuo kwa ajili ya mtoto mdogo. Ada ya darasa la kwanza si ya chuo. Wakitaka mkupuo, fedha ziwekwe benki kwa jina la mtoto.

Kiwango kisikisiwe. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Juu wa 2020, wanaobishania matunzo huapa na kuweka wazi kipato, mali na madeni yao. Wanaoelewana nao wafanye vivyo hivyo mezani. Mwanamke au mtoto anayehitaji wakili asinyamaze kwa kukosa fedha: sheria ya msaada wa kisheria ya 1987 inawapa wote wawili huduma hiyo bure, bila kujali kipato.

Wahindu wanaofungua shauri Tanzania wasitegemee 13B. Huku inatumika Sheria ya Ndoa ya 1971, na kwa kawaida mgogoro huanzia Baraza la Usuluhishi la Ndoa. Kenya wanayo Sheria ya Ndoa ya 2014, inayotambua ndoa za Kihindu. Mwonyesheni wakili wa nchi mnakofungulia shauri rasimu yenu ikiwa bado haijasainiwa.