Habeas corpus si kesi ya posa

Wazazi wakija ofisini kwangu kusema binti yao "ametekwa" na mwanamume, mimi huanza kwa kuuliza umri. Mzee mmoja aliniona sina akili. "Wakili, nakwambia mwanangu kapotea, wewe waniuliza kazaliwa lini?" Binti alikuwa na miaka 26, na wiki ile ile alikuwa kampigia mamake simu mara mbili. Faili sikufungua.

Habeas corpus ni amri ya mahakama inayomtaka anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji na aeleze anamshikilia kwa sheria gani. Wengi huijua kwa kesi za polisi: kijana kachukuliwa usiku, na kila kituo kinakana. Lakini kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai ya Kenya hakiishii kwa serikali, kinamgusa pia mtu binafsi anayemzuia mwenzake. Kwa wenzetu wa Tanzania kilikuwa kifungu cha 390 sheria yao ilipotungwa mwaka 1985. Maneno hayo yanafanana mno na ya sheria ya India ya 1898. Basi baba aliyemfungia bintiye chumbani anaweza kuitwa. Mume naye vivyo hivyo: mwaka 1891 Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilimwachia huru Emily Jackson, ambaye mumewe alimkamata akitoka kanisani Clitheroe na kumfungia nyumbani kwake.

Kwa mtu mzima, jaji ana swali moja: je, yuko pale kwa hiari yake? Kama mkwe anafaa, kama dini zinapatana, kama mahari imetoka, hayo hayamhusu. India ilijifunza hili kwa taabu. Baba mmoja wa jimbo la Kerala alipeleka ombi juu ya bintiye wa miaka 24, aliyekuwa amebadili dini, naye akaolewa kesi ikiendelea. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ilibatilisha ndoa na kumrudisha kwa wazazi. Yaani amri iliyobuniwa kufungua milango ndiyo iliyomfungia! Novemba mwaka huo Mahakama ya Juu ilimsikiliza mwenyewe, ikamruhusu arudi chuoni mjini Salem, na Machi 2018 ikatamka kwamba ombi la aina hii haliwezi kuvunja ndoa ya watu wazima.

Mtoto aliye chini ya miaka 18 ni habari nyingine. Hapo jaji hutazama maslahi ya mtoto kwanza, na mara nyingi mzozo wa wazazi waliotengana hufaa zaidi kupelekwa mahakama ya watoto kuliko kufukuzana kwa habeas corpus.

Ukiwa na sababu ya kweli, hati yako ya kiapo iseme nani anashikiliwa, na nani, wapi, nawe umejuaje. "Nahisi" haitoshi. Kisha omba jaji amhoji anayeshikiliwa faraghani. Mwenye kufungiwa na nduguze hawezi kusema la moyoni huku wamemkodolea macho. Mahakama ya Juu ya India iliweka mwongozo wa namna hiyo Machi 2024, katika kesi ya mwanamke aliyedai mpenzi wake, mwanamke mwenzake, amezuiwa na wazazi. Ofisa wa mahakama alipokwenda kumwona, mhusika alisema anataka kubaki kwa wazazi wake. Ombi likatupwa.