Madimbwi ya Market Street yaliyofichua tarehe ya filamu

Anayeitazama kwa mara ya kwanza filamu "A Trip Down Market Street" ya ndugu wa familia ya Miles, watengenezaji filamu, huvutwa na watu: wauza magazeti, wavulana wanaodandia magari kwa nyuma, wapita njia wanaokatiza mbele ya farasi bila wasiwasi. Sisi wahifadhi wa filamu humwomba atazame chini, kwenye madimbwi.

Filamu hiyo bubu ya dakika 13 hivi ilipigwa San Francisco, jiji la bandari nchini Marekani. Kamera iliwekwa mbele ya tramu iliyovutwa na kebo iliyopita chini ya barabara. Tramu inateremka Market Street, barabara kuu ya jiji, hadi kwenye jengo la vivuko, walikoshukia abiria waliotoka ng'ambo ya ghuba. Mnara wa saa wa jengo hilo unaonekana tangu mbali, na kila dakika unazidi kukua.

Kwa miaka mingi ilidhaniwa kuwa filamu hii ni ya Septemba 1905. Mwanahistoria David Kiehn alishangaa: mbona barabara imelowa? Akapekua magazeti ya wakati ule, akakuta kuwa majira yale yalikuwa makavu, ila mvua ilinyesha sana mwanzoni mwa majira ya kuchipua ya 1906. Akafuatilia namba ya gari moja. Ilisajiliwa mapema mwaka 1906. Ushahidi wote ukaelekea katikati ya Aprili, siku chache tu kabla ya tetemeko kubwa la ardhi lililolikumba jiji hilo Aprili 18.

Nilipojua hivyo, sikuweza tena kuwatazama wale wavulana kama zamani. Tetemeko na moto uliofuata viliua watu wanaokadiriwa kuzidi 3,000, na sehemu kubwa ya majengo yanayopita mbele ya kamera yaliteketea. Studio ya ndugu hao nayo iliungua. Filamu ilinusurika kwa kuwa ilikuwa imekwisha kusafirishwa kwenda New York. Mnara wa saa ulibaki umesimama, na upo hadi leo.

Usipime wingi wa magari ya jiji kwa filamu hii: baadhi yake yanazunguka na kuipita kamera tena na tena, dalili kwamba yalipangwa. Jihadhari pia na nakala zenye rangi na sauti zinazosambaa mtandaoni. Rangi hizo zimekisiwa na kompyuta, kelele za mtaani zimebandikwa, na programu inayolainisha picha inaweza kupotosha hata tarakimu za namba ya gari. Kwa utafiti, tafuta nakala nyeusi na nyeupe iliyochukuliwa moja kwa moja kutoka kwenye mkanda.