Je, wajua kwa nini mhariri wa filamu huachwa nyumbani siku ya kupiga picha?

Si kwa kubana nauli tu. Mpiga picha aliyewafuata wakulima wa mwani wa Paje, Unguja, wakati wa bamvua, akalowa na kuungua jua, akirudi na picha moja ya ngalawa huipenda kama mwanawe. Ameitolea jasho. Mhariri hakuwapo, yeye huona kilichomo kwenye skrini tu. Picha isiposema kitu, inatoka. Ndiyo maana waongozaji wengi wa filamu za hali halisi humtafuta mhariri wa kujitegemea, mwenye jicho jipya.

Kazi yenyewe ni ndefu. Filamu ya namna hii haina hati kamili iliyoandikwa kabla. Hadithi hupatikana mezani. Tuseme zimepigwa picha za saa 60, na filamu inatakiwa iwe ya saa 1. Kuzitazama mara moja tu, saa 8 kwa siku, ni zaidi ya wiki, na hapo hujaandika mahojiano. Mzee wa Makunduchi akizungumza Kikae, lahaja ya huko, mhariri kijana wa mjini atahitaji mtu wa kukaa naye amfafanulie.

Halafu kuna mambo ya huku kwetu. Maji huchukua kama saa 6 kutoka kujaa hadi kupwa. Ukiunganisha sentensi mbili za mama mmoja, ya kwanza yuko pakavu, ya pili maji magotini, mtazamaji wa London huenda asigundue. Wa Jambiani atacheka. Adhana ndiyo mtihani mkubwa zaidi. Ikiingia katikati ya mahojiano, huwezi kukata maneno bila kuikata na yenyewe, na hapa Unguja nani asiyejua mstari unaofuata? Mimi naona dawa ni moja: mahojiano yasimame, adhana iishe. Fundi wa sauti naye hurekodi ukimya wa mahali pale kwa kama dakika nzima, mhariri apate cha kuzibia viungo.

Mshahara wa mwezi hakuna. Wengine hulipwa kwa siku au wiki, wengine kwa kazi nzima, na hii ndiyo yenye mitego: mwongozaji akitaka marekebisho kwa mara ya saba, ujira ni uleule. Kwa hiyo idadi ya marekebisho huandikwa kwenye mapatano mapema, pamoja na malipo ya awali. Kazi huja kwa kujuana, na pa kujuana papo: Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar, lililofanyika mara ya kwanza 1998, ambalo kwa miaka mingi limeonyesha filamu ndani ya Ngome Kongwe. Anayeanza aende na kazi aliyoikamilisha, hata ya dakika 5.